Ndoto ya marehemu mwanangu iko kwenye chupa. Niinunue?

Shikamoo Mama Mshauri.

Mimi ni mama wa miaka 38, naishi Kibirizi hapa Kigoma. Kazi yangu ni dagaa. Nanunua wabichi mwaloni alfajiri, naanika, mzigo ukitimia nawauzia wafanyabiashara wanaopeleka Dar es Salaam kwa treni. Mume wangu ni mvuvi wa kipe, chombo cha kuvulia dagaa usiku kwa taa. Mungu alitujalia watoto watatu, wa kwanza akamchukua. Aliitwa Shabani. Malaria ilimwondoa akiwa darasa la pili, na mpaka leo mtaa mzima unaniita Mama Shabani, mume wangu Baba Shabani, na hatujawahi kumkataza mtu.

Usiku ule mume wangu alikuwa ziwani. Mimi ndiye niliyembeba mtoto mgongoni, nikapata bodaboda, tukafika hospitali bado anapumua. Baba yake alirudi asubuhi na samaki wake, akakuta watu wameshakaa kwenye mikeka.

Mama, tangu siku hiyo mimi sijamwota mwanangu hata mara moja. Nimeomba dua, nimelala na nguo yake chini ya mto, hakuna kitu. Anayemwota ni baba yake. Anarudi ziwani, anakunywa chai, analala, na kuna siku anashtuka amelowa jasho mwili mzima. Haniambii kitu hapo hapo. Anatoka kwenda kuoga kwanza, halafu ndipo anakuja ananikuta nje kwenye vichanja ninageuza dagaa, anasema, "Mama Shabani, kijana alikuja." Namuuliza yukoje? Ananijibu mzima, kavaa shati la shule, anacheka. Siku kama hiyo nafanya kazi mpaka jioni na sioni uchovu. Hizo ndizo habari pekee za mwanangu nilizokuwa nazipata.

Sasa mwaka 2024 Ziwa Tanganyika likafungwa, uvuvi ukasimama. Unajua tulivyokuwa. Kipe kimevutwa mchangani, na sisi tulikuwa na deni la injini. Ndipo watu wa kikamulio wakaja, wakakodi godauni huku upande wa njia ya Ujiji, wakatangaza kwamba wananunua ndoto. Hakuna mtaji, hakuna elimu, wewe kazi yako kulala. Mume wangu akaenda pamoja na wenzake wa kwenye kipe.

Niliwahi kumpelekea ugali na mgebuka jioni moja, nikaona kwa macho yangu. Vitanda vya chuma vimepangwa safu mbili, kila mtu anavishwa kofia ya kitambaa yenye nyaya, na kutoka kwenye kofia kuna mpira mwembamba unaoshuka mpaka kwenye chupa ya kioo iliyolazwa kwenye barafu. Walisema usiku kucha chupa inakaa tupu, kisha karibu na alfajiri ndipo yanaanza kudondoka maji ya njano, kidogo kidogo. Wanayachemsha kwa moto mdogo kama watu walivyokuwa wakichemsha maji ya chumvi kule Uvinza, yanabaki matone mazito. Kuna dada mmoja anaitwa muonjaji. Anaweka tone moja kwenye ulimi, anafumba macho, anaandika kwenye stakabadhi ndoto ilikuwa ya nini na daraja gani. Aliyeuza akiamka hakumbuki chochote. Analipwa shilingi 20,000 anakwenda zake. Matone yanapelekwa Dar, na huko watu wenye hela wanayanywa usiku ili na wao waote.

Ziwa lilipofunguliwa Agosti nilidhani ataacha. Hakuacha. Usiku wa giza yuko kwenye kipe, mbalamwezi ikitoka, wakati dagaa hawafuati taa na wenzake wanapumzika, yeye yuko kikamulioni. Na tangu aanze, hajaniambia tena "kijana alikuja".

Wiki iliyopita nikawa nafua koti lake. Mfukoni nikakuta stakabadhi zimekunjwa, hata hazijafunguliwa. Nikazisoma moja moja. Nyingine zimeandikwa "harusi, daraja la tatu", "kuruka angani, daraja la pili". Moja imeandikwa hivi: "Mtoto wa kiume, shati la shule, ufukweni usiku. Ameshika taa, anaita. Mtumbwi haufiki. Daraja la kwanza." Nikakaa chini hapo hapo kwenye maji ya sabuni. Ni Shabani. Mume wangu amemuuza mwanetu kwa shilingi 20,000.

Nilikwenda kwa dalali wao nikamuuliza kama ile chupa bado ipo. Akaangalia namba akasema ipo, itaondoka na treni mwisho wa mwezi, na kama naitaka ni shilingi 400,000 kwa kuwa ndoto za marehemu ndizo zinazotafutwa sana. Sina hela hiyo. Lakini naweza kukopa kwenye kikundi chetu cha VICOBA, nikawaambia wenzangu ni mtaji wa dagaa. Nataka niinywe nimwone mwanangu japo mara moja.

Mume wangu sijamwambia kitu. Nimemnunia tu, na yeye haulizi. Mama mkwe yuko Ujiji, habari za kikamulio zilimfikia, amesema mwanawe anauza maiti, hataki kupokea hata sukari yake mpaka kisomo kifanyike. Juu ya yote dalali siku ile alinisindikiza mpaka nyumbani, akamwona binti yetu Zuhura, ana miaka 15, yuko kidato cha pili. Akasema ndoto za msichana wa umri huo zinalipwa mara mbili, nisimnyime mtoto nafasi ya kujisomesha, "si ni kulala tu?" Mume wangu alivyosikia alinyamaza, hakukataa wala hakukubali.

Nifanye nini Mama? Niinunue? Nimsamehe vipi huyu mwanaume?

Mama Shabani, Kibirizi

Marahaba mwanangu. Pole sana kwa Shabani. Miaka inakwenda lakini msiba wa mtoto hauna matanga yanayokwisha, na wewe umeuvumilia ukiwa na vichanja vya dagaa mbele yako na watoto wengine wa kulisha. Nimeisoma barua yako zaidi ya mara moja, na kuna mambo mawili ndani yake ambayo nataka uyaweke pamoja, maana umeyaandika mbalimbali na naona machozi yamekuzuia kuyalinganisha.

Mumeo alikuwa akikuambia kwamba mtoto ni mzima, kavaa shati la shule, anacheka. Stakabadhi inasema mtoto yuko ufukweni usiku, ameshika taa, anaita, na mtumbwi haufiki. Shati ni lile lile. Kicheko hakipo.

Na wewe mwenyewe umeniambia kwamba alikuwa akishtuka amelowa jasho, na kwamba alikuwa hasemi na wewe mpaka atoke kwenda kuoga. Mtu aliyetembelewa na mwanawe anayecheka haamki hivyo. Mwanangu, mimi naamini kwamba kwa miaka yote hii mumeo amekuwa akiota usiku ule ule mmoja: yeye yuko majini, mtoto anamwita, na hafiki. Kisha anajimwagia maji, anaupangusa uso, anakuja kukupa wewe upande wa shati la shule na kuongeza kicheko, kwa sababu alijua unasubiri habari. Nyinyi ni Waislamu, mnajua tulivyofundishwa kwamba ndoto njema unamsimulia unayempenda, na ndoto ya kutisha humsimulii mtu, unaomba kinga kwa Mwenyezi Mungu na kutema mate kidogo upande wa kushoto. Amefanya hivyo peke yake muda mrefu sana. Ile njema aliyokuwa akikuletea alikuwa akiitengeneza mwenyewe, njiani kutoka bafuni mpaka kwenye vichanja.

Kwa hiyo kwanza nakuomba ulitoe neno hili kichwani, kwamba amemuuza mwanenu. Kwa maelezo yako mwenyewe, anayelala kikamulioni hachagui ataota nini, na akiamka hakumbuki. Stakabadhi ulizikuta zimekunjwa hazijafunguliwa. Kuna uwezekano mkubwa kwamba mumeo hajui mpaka leo kuwa Shabani yumo kwenye mojawapo ya zile chupa. Aliuza usingizi wake ili deni la injini lipungue, wakati ziwa limefungwa na hana mahali pengine pa kutupa wavu. Kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti mwaka ule samaki walipewa nafasi ya kuzaliana, na hilo lina faida kwa wavuvi wenyewe, lakini lazima tuseme pia kwamba miezi mitatu bila kipe ni miezi mitatu ya njaa kwa nyumba isiyo na shamba wala mshahara. Kikamulio kilijua wakati wa kuja. Hawakuja msimu wa dagaa wengi.

Na kwa nini anaendelea wakati ziwa liko wazi? Deni ni sababu. Lakini nadhani kuna nyingine. Pale kikamulioni anaamka hakumbuki kitu. Kwa mtu anayeota anayoyaota yeye, ile asubuhi moja ya kuamka mkavu, bila jasho, bila sauti ya mtoto masikioni, huenda ina thamani kuliko zile 20,000. Sisemi ni dawa. Nasema usimhesabie ukatili mtu ambaye huenda anakimbia maumivu.

Sasa chupa. Usiinunue, angalau si hivi unavyotaka kuinunua.

Unachotafuta ni kumwona Shabani anacheka. Hayumo humo. Kilichomo ni ile taa na ile sauti na ule mtumbwi usiofika, na utaviona kwa macho ya baba yake, ukiwa umekaa majini bila namna ya kusogea. Umesubiri miaka yote umwone mwanao mara moja, halafu mara hiyo iwe ndiyo hii? Hapana mwanangu. Wewe ulimbeba mgongoni. Uzito wake unaujua, joto lake unalijua, unajua alipumua mpaka wapi. Usikubali kumbukumbu hiyo ifunikwe na ndoto ya mtu mwingine iliyochemshwa godauni.

Halafu kuna hili la VICOBA, na hapa nitakuwa mkali kidogo. Ukiwaambia wenzako ni mtaji wa dagaa na si mtaji wa dagaa, umewadanganya wanawake ambao kesho mvua ikiharibu mzigo wako ndio watakaokuchangia. Hakuna dagaa watakaorudisha mkopo huo. Utakapofika wakati wa mgao utakuwa unadaiwa, na mumeo atarudi kikamulioni kutafuta hela ya kulipa deni la chupa iliyotoka kikamulioni. Dalali anakitegemea hicho. Amempa mumeo 20,000, anataka 400,000 kutoka kwako, na wote wawili mnakula sufuria moja.

Cha kufanya ni kuzungumza na Baba Shabani. Najua umeshanuna, na yeye amenyamaza, na ninyi nyote mnapita mle ndani kila mtu na ndoo yake ya maji. Wewe ndiye uanze. Subiri mbalamwezi itakapotoka, siku ambayo hana safari ya ziwani. Usimshike asubuhi anaporudi, macho yakiwa mekundu na mwili unadai usingizi. Watoto wakishalala, mwombe jambo moja kwanza: usiku huo asiende godauni. Akikuuliza kwa nini, mwambie una habari za Shabani za kumpa.

Na unazo. Hili ndilo lililonigusa kuliko yote katika barua yako. Miaka yote yeye ndiye amekuwa akikuletea habari za mtoto. Wewe umewahi kumwambia habari za usiku ule? Wewe ulikuwepo, yeye hakuwepo. Alirudi akakuta mikeka. Hajui bodaboda mliipata wapi, hajui mtoto alisema nini njiani, kama alimtaja baba yake, kama aliomba maji, nani alimpokea pale hospitali, mikono yako ilikuwa wapi alipokata roho. Mtu asiyejua anajaza mwenyewe, na mumeo amejaza kwa picha ya mtoto anayeita ufukweni. Mwambie ilivyokuwa kweli, taratibu, usiruke kitu. Mwambie pia kwamba malaria kali inaweza kumwondoa mtoto ndani ya saa chache tangu hali ianze kubadilika, hata akiwa mikononi mwa daktari, na kwamba angekuwa nyumbani usiku ule mngekuwa wawili wa kumbeba, basi. Hakuna siku umemlaumu kwa kuwa ziwani, au sivyo? Kama hujawahi kumlaumu, hilo neno alisikie kutoka kinywani mwako, kwa sababu kimya chako hakijamwambia hivyo.

Ukishamaliza, ndipo umpe ile stakabadhi. Usimrushie. Mpe, mwambie uliikuta kwenye koti, aisome au umsomee. Baada ya hapo chupa ni suala lake kuliko lako, maana ni usingizi wake. Akisema iende na treni, iende. Akisema hawezi kuvumilia mgeni wa mjini ailaze ndoto ile kwenye ulimi wake, basi nendeni wawili, mkajadiliane bei kwa hela halali ya nyumba, na mkiipata isinywewe na mtu. Mkaimwage ziwani kama mnataka. Lakini uamuzi huo mfanye pamoja, na usiwe wa kwanza kwenye mazungumzo.

Umeandika pia, kwa kifupi, kwamba mumeo hakuambii tena "kijana alikuja", nami nikasikia hofu yako kwamba ndoto zimekwisha, wamezikausha. Hazijakwisha. Mwaka 1953 kule Chicago, Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman walieleza kwamba kuna usingizi ambao macho ya aliyelala huchezacheza chini ya kope, na kwamba mtu akiamshwa wakati huo mara nyingi anasema alikuwa anaota. Usingizi huo huja kwa zamu, kila baada ya dakika 90 hivi, na zamu za mwanzo ni fupi, za kuelekea asubuhi ni ndefu. Ndiyo maana pale godauni chupa inakaa tupu mpaka karibu na alfajiri. Na ndiyo maana mvuvi wa dagaa anaumia zaidi: saa ambazo mwili ungeota sana, yeye anavuta wavu, halafu analala mchana palipo na jua, kelele za mwaloni na watoto wanaotoka shule, usingizi wa vipande vipande. Zile siku chache za mbalamwezi ndizo angelala usiku mzima kama watu wengine. Hizo nazo amewapa wao.

Imeonekana pia kwamba mtu aliyenyimwa usingizi wa ndoto kwa siku kadhaa, akiachwa alale, unarudi kwa nguvu zaidi ya kawaida. Kwa hiyo akipumzika ataota, na siku za mwanzo anaweza kuota sana, na mabaya yakiwemo. Mjiandae kwa hilo. Akishtuka, uwe karibu, na safari hii asikimbilie bafuni kwanza. Kama ndoto ile itaendelea kumwamsha wiki baada ya wiki, mpeleke hospitali, mkaeleze kwamba tatizo ni usingizi na msiba. Asione aibu. Na kama ameanza kunywa pombe ili alale, mwambie kwamba pombe hulaza haraka, kisha huuharibu usingizi wa usiku wote uliobaki.

Wewe nawe, usijilaumu kwa kutomwota Shabani. Watu wengi wanaofiwa humwota marehemu, na wengi hawamwoti, na si kipimo cha mapenzi. Wewe unaamka alfajiri kabisa kuwahi dagaa, na mara nyingi tunazikumbuka ndoto pale tu tunapoamka katikati yake. Huenda amekuja, ukaondoka kwenda mwaloni kabla hujamkumbuka.

Kwa mama mkwe, usibishane naye. Maneno yake ni makali lakini kisomo anachokitaka ni kitu kizuri na nyumba yenu inakihitaji, kikamulio kiwepo kisiwepo. Nendeni Ujiji, wewe na mumeo pamoja, mkamwombe yeye ndiye asimamie. Mama aliyeombwa kusimamia dua ya mjukuu wake hatarudisha sukari. Siku hiyo usimruhusu mtu yeyote kumsimanga Baba Shabani mbele ya watu. Ukisikia limeanza, wewe ndiye useme kwamba deni lilikuwa la nyumba nzima.

Deni lenyewe mlitazame kwa pamoja, kwa karatasi na kalamu. Limebaki kiasi gani, kwa riba gani, na anayewadai anaweza kukubali kulipwa kwa mwezi au kwa msimu? Mkopo wa VICOBA unaofaa kuomba ni huo, useme wazi ni wa nini. Kikundi kikijua mume anauza usingizi kulipia injini, nakuhakikishia hakitakosa la kusema. Na muulize mumeo kama kule kikamulioni alitia saini karatasi yoyote. Kama ipo, ipelekeni kwa watoa msaada wa kisheria waisome yote, hasa sehemu inayosema analazimika kulala kwao kwa muda gani na nini kinampata akiacha. Asirudi tena kabla haijasomwa.

Sisemi kila aliyekwenda pale ametenda dhambi. Mtu mzima mwenye njaa ameuza nguvu zake tangu zamani, na usingizi ni sehemu ya nguvu zake. Ninachokataa ni bei, na kwamba anayenunua anajua alichonunua wakati aliyeuza hajui alichouza. Muonjaji ameionja ndoto ya mumeo, dalali anaijua namba yake, mgeni wa Dar atainywa, na mwenyewe ndiye pekee ambaye hakuiona. Biashara ya namna hiyo haijakaa sawa hata kama malipo yangepanda.

Zuhura. Hapa sina "angalau" wala "mjadiliane". Hapana.

Ana miaka 15. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inasema mtoto ni yeyote aliye chini ya miaka 18, na inakataza mtoto kufanyishwa kazi usiku. Kuvishwa kofia ya nyaya kwenye godauni lenye safu mbili za wanaume wasiowajua, usiku kucha, ili apate malipo, hiyo ni kazi ya usiku hata kama macho yamefumbwa. "Ni kulala tu" ni maneno ambayo mzazi anatakiwa ayakatae kabla hayajamalizika kutamkwa. Na hiyo hoja ya kujisomesha haina msingi, sekondari za serikali hazitozi ada. Kuna michango, kuna sare na madaftari, najua vinauma, lakini hayo ndiyo tunayoyauzia dagaa. Usingizi wa usiku ndio unaomfanya mtoto ashike alichosoma mchana. Akiutoa, ataingia darasani mwili upo na kichwa hakipo.

Kunyamaza kwa mumeo siku ile kusikutishe mapema. Muulize usiku huo huo mtakaozungumza. Nadhani baba ambaye kila akifumba macho anasikia mtoto anamwita na hafiki, ukimuuliza wazi kama binti yake alale kwenye kile kitanda, atakujibu haraka kuliko unavyofikiri. Lakini mwulize, upate jibu lenye maneno, na Zuhura naye aambiwe na wazazi wake wote wawili, wakiwa wamekaa pamoja, kwamba hatakwenda. Huenda dalali ameshamnong'oneza bei. Msikilize binti anataka nini, kama kuna kitu cha shule anakihitaji na anaogopa kukiomba kwa sababu anaona hali ya nyumba.

Dalali akirudi asikukute peke yako. Mpokeeni nje, wewe na Baba Shabani, saa ambazo Zuhura yuko shule, mumwambie kwamba mtoto haguswi na asimfuate njiani. Akirudia, nenda kwa afisa ustawi wa jamii au dawati la jinsia na watoto pale polisi, au piga 116, ni simu ya bure ya kusaidia watoto. Andika jina lake na siku alizokuja. Usingoje mwisho wa mwezi.